Dakika Mbili za Uso wa Baba

Filamu ya kwanza ya Dada Muk ilionyeshwa Bangkok siku nne, saa tano asubuhi, kwenye ukumbi wa mwisho kabisa wa korido, ule uliopakana na choo. Siku ya kwanza tulikuwa watu saba. Niwataje? Nawataja: Dada Muk mwenyewe, mama yake, mimi ninayebeba maiki, Nui wa mekapu, wapenzi wawili waliofuata kiyoyozi, na mzee mmoja aliyekosea ukumbi akaona aibu kutoka. Mama yake alilala dakika ya ishirini. Jioni tukapata komenti yetu ya kwanza mtandaoni: "Nimelala vizuri sana. Nyota tano kwa kiyoyozi."

Nui akamwambia, "Dada, usijali, nyota tano ni nyota tano."

Muk akacheka. Halafu akaenda kunawa uso hapo chooni, akakaa huko kama nusu saa.

Ukitaka kumjua Muk, anza na kitambulisho chake. Muk ni jina la nyumbani tu. Kwenye kitambulisho ni Harlin Phimmasa, jina kalitoa baba, ukoo wa mama, na kila karani akilisoma anainua kichwa kumwangalia, anasoma tena, anainua tena. Baba yake, Baldev, alikuwa Kalasinga aliyefika Mukdahan na majora ya vitambaa begani. Akaona mto Mekong, akamwona Mama Khampong, akasahau njia ya kurudi. Mama Khampong ni mtu wa huku huku kwetu Isan, kaskazini mashariki mpakani na Laos, wali wa kunata na samaki wa kuozesha, na mdomo ambao jeshi lingeujua lingeununua.

Shuleni kwenye michezo ya kuigiza Muk alipewa nafasi mbili tu, mwaka hadi mwaka: mzuka, au Mhindi muuza vyandarua kwa mkopo. "Mwaka wa mzuka ndo nilikuwa napumzika," huwa anasema. Kitai anakiongea kutuzidi sote. Kilao cha mama yake anakitukania. Kipunjabi anajua bei na maombi. Lakini akiingia dukani na sura ile, muuzaji anamsemesha Kiingereza, na yeye anajibu kwa lafudhi ya Isan nzito mpaka yule dada wa watu anataka kuingia chini ya kaunta.

Filamu ile ya kwanza ilipata tuzo ndogo huko Ulaya, kwenye tamasha la mji wenye baridi na jibini nyingi. Mama mmoja wa kamati akamshika mkono akamwambia inavutia, lakini kwa macho yake haikuwa ya Kitai sana. Hekalu liko wapi? Kwa hiyo nyumbani yeye Mhindi, ng'ambo si Mtai wa kutosha. Abaki wapi sasa? Uwanja wa ndege?

Akarudi Bangkok kutafuta wa kumsaidia kutengeneza ya pili. Nilikuwepo kwenye kikao kile. Prodyuza alikuwa kaka mmoja mnene, mpole, mwenye miwani ya jua ndani ya ofisi.

"Dada Muk, nimesoma skripti. Nzuri. Nimelia. Ila weka mzuka."

"Kaka, ni hadithi ya baba yangu."

"Basi baba awe mzuka. Si ameshafariki?"

 Mimi nikaangalia viatu vyangu. Yule kaka akaona amekosea, akatuagizia chai ya maziwa, tukanywa, tukaondoka.

Kwa hiyo filamu ya pili akaifanya mwenyewe. Miaka minane. Akipata kazi ya tangazo la sabuni, tunashuti wiki moja. Akikosa, hatushuti. Ilikuwa ni hadithi ya duka la Baldev, lile lile la kweli, kule Mukdahan karibu na soko la kando ya mto. Tangu mzee afariki lilikuwa limefungwa. Rafu ziko pale pale, futi ya mbao iko pale pale juu ya meza, na kwenye nguzo kuna alama za kalamu mzee alizokuwa anampimia Muk urefu. Muk alikuwa na neno moja: kila kitu kwenye filamu kinaweza kuwa cha uongo, duka hapana.

Na kitu cha pili kisichoweza kuwa cha uongo kilikuwa uso. Alitaka kijana wa kumwigiza baba yake, nusu Isan nusu Punjab, kama mtoto ambaye mzee angemzaa wa kiume. Tulitafuta miaka mitatu. Tukamkuta Nakhon Phanom, kwenye gereji ya pikipiki, amelala chini ya injini, anaitwa Fiat.

"Fiat gari?" nikamuuliza.

"Mama aliipenda," akasema. "Kaka yangu anaitwa Volvo. Usicheke, dada, yeye ndo kapata hela."

Uso wake jamani. Akiwa kimya unadhani kuna habari mbaya anakuficha. Muk alimwangalia mara moja akaanza kulia pale pale kwenye mafuta machafu, na Fiat akadhani amemharibia pikipiki.

Shida ikawa bibi yake. Bibi Sida, miaka themanini na moja, ndiye aliyemlea, na alikuwa na mpango wake na mjukuu huyu: mwaka huu, kabla ya miezi mitatu ya mvua ambayo watawa hawalali nje ya hekalu, Fiat aingie utawani. Kila kijana wa kwetu anaingia, hata wiki moja, kwa ajili ya waliomlea. Na mvua hazisubiri filamu.

"Nataka nishike pindo la joho lake linipandishe peponi," Bibi akasema. "Nyie mnataka avae kilemba. Kilemba kitanipandisha wapi?"

Hapo ndipo Muk alipofanya kitu ambacho hakuna aliyemtuma. Akapiga magoti, akawasha ubani mbele ya kibanda cha mizimu ya nyumba ile, akaahidi kwa sauti: wamruhusu Fiat amalize filamu kwanza, halafu yeye Muk mwenyewe ndiye atakayeleta joho, atakata nywele kwa mkono wake, atapiga picha za sherehe yote bure.

Bibi akamnyooshea kidole. "Usiponitimizia, nitakuja kukuvuta miguu usingizini."

Mama Khampong aliposikia akasema, "Afadhali. Mzuka umepatikana."

Basi tukashuti. Wiki tatu za mwezi wa sita na wa saba zilienda vizuri kiasi kwamba tulianza kuogopa. Kila kitu kikapatikana isipokuwa onyesho moja, la mwisho, ambalo Muk alilisogeza mbele makusudi ili Fiat alizoee duka kwanza. Lenyewe ni rahisi kulieleza. Baldev kijana ametoka kukataliwa na wakwe. Anarudi dukani, anafungua jora la hariri, analikunja upya taratibu. Uso tu. Dakika mbili, hakuna neno, kamera haisogei. Filamu nzima ya saa moja na nusu ilikuwa inatembea kwenda kwenye uso ule. Bila hizo dakika mbili, ni watu wanauza vitambaa tu.

Ndipo mwenye kiwanja, ambacho mzee alikuwa amekipanga tu, akaja na habari yake. Hoteli ya jirani imenunua sehemu ile, itakuwa maegesho ya magari. Katapila linakuja Jumatatu ya tarehe ishirini na moja. Muk akambembeleza, Mama Khampong akamtukana, zote mbili hazikusaidia. Tukapanga: onyesho la uso ni Jumamosi, tarehe kumi na tisa. Siku mbili za akiba. Tukajiona tuna akili.

Jumapili ya tarehe kumi na tatu Bibi Sida akafariki.

Sasa, kwetu mjukuu aliyelelewa na marehemu haachi maiti. Watawa wanasoma kila jioni, wageni wanakula, yeye yuko pale. Na siku ya kuchoma, asubuhi, anaingia utawani mbele ya moto, japo kwa siku moja tu, ili bibi apate lile pindo la kushika. Kuchoma kukapangwa Alhamisi. Fiat angevua joho Ijumaa jioni. Jumamosi yuko huru.

Tulikaa chini na kuongea, watu watano, tumezunguka papai la kuponda.

"Kichwa kitanyolewa," akasema Muk.

"Kilemba," akasema Nui.

"Ndevu?"

"Dada, zile ndevu ni zangu, nimezibandika tangu siku ya kwanza. Anyoe, asinyoe, ndevu ninazo kwenye mfuko."

"Kwa hiyo hakuna noma."

"Hakuna noma kabisa. Kalasinga ana bahati, ana kofia ya dini."

Tukacheka. Tukagonga vikombe. Watu watano, na hakuna kati yetu ambaye hajaona vijana mia wakinyolewa kuwa watawa. Kaka zetu, baba zetu, yule jamaa uliyempenda darasa la kumi. Tumeona mpaka tumeacha kuona.

Alhamisi asubuhi hekaluni, Fiat kakaa kwenye kiti cha plastiki, shuka jeupe, jani la yungiyungi mapajani la kupokelea nywele. Wakubwa wanakata kwanza, kila mmoja kishungi kimoja. Mama yake akakata akilia. Volvo akakata kidogo sana kama anaogopa kutozwa. Halafu wakamwita Muk, kwa sababu ya ile ahadi. Kule kwa baba yake nywele hazikatwi, ni za Mungu. Kwa mama yake zinakatwa, ni za bibi. Akashika mkasi, akakata, akaweka kwenye jani, akarudi nyuma ya kamera kama alivyoahidi. Alikuwa anashuti vizuri, anatabasamu kidogo.

Mtawa mzee akachukua wembe. Kichwa kikaisha, kinang'aa. Akashika kidevu cha Fiat, akamwinua uso, akapaka maji juu ya jicho la kushoto.

Nui akanifinya mkono mpaka nikapiga kelele. "Khing," akaninong'oneza, "Khing. Nyusi."

Huku kwetu watawa hawana nyusi. Kila mtu anajua. Mtoto wa chekechea anajua.

Nikamwangalia Muk. Alikuwa ameshaelewa, jicho lake limetoka kwenye kamera. Wembe uko hewani, mtawa anafuta makali yake na kitambaa. Pale palikuwa na nafasi ya sentensi moja. "Samahani Baba, tafadhali nyusi zibaki." Fiat naye akamtazama, na ule uso wake, unaujua, wa habari mbaya. Na nyuma yake jeneza la bibi, pink, na mataa yanawaka na kuzima, na mama yake ameunganisha viganja kifuani anaomba.

Muk akarudisha jicho kwenye kamera.

Nyusi mbili, mistari minne ya wembe. Zikaanguka kwenye jani.

Garini nikamuuliza, "Dada, mbona hukusema?"

"Ningesemaje? 'Samahani Baba mtawa, bibi apande nusu ya njia'?"

"Si ungejaribu tu."

"Khing, niliwasha ubani mwenyewe."

Akaendesha mpaka Mukdahan.

Ijumaa jioni Fiat akaja, kavua joho, kavaa kofia ya timu ya mpira. Akaivua. Tukajitahidi. Kweli tulijitahidi. Ila Mama Khampong akaingia na wali, akamwona, akasema, "Yai la bata limekuja," na mambo yakaharibika, tukacheka mpaka Fiat mwenyewe akakaa chini. Muk naye alicheka. Ndicho kicheko cha mwisho nilichokirekodi pale, ninacho.

Jumamosi Nui akaanza na kalamu. Akachora nyusi nzuri mno, Fiat akawa kama mhudumu wa benki aliyekasirika. Akafuta. Akakata vipande kwenye zile ndevu za bandia, akabandika unywele mmoja mmoja kwa kibano, saa mbili na nusu. Kwa mbali, safi. Kwa karibu, kwenye kamera, paji la uso lilikuwa na wageni wawili.

"Asisogeze uso," akasema Nui. "Akitulia zinakubali."

"Onyesho lote ni uso kusogea," akasema Muk.

Umeme wa duka ulikuwa umekatwa. Nje mvua imekaza, ndani joto kama chungu cha kupikia wali kwa mvuke. Tukaanza. Fiat akafungua hariri. Akaanza kuikunja. Na nakwambia, alikuwa mzuri. Bibi yake amechomwa juzi, hakuhitaji kuigiza. Mdomo ukaanza kutetemeka, macho yakajaa, mimi kwenye maiki nasikia pumzi yake inakatika, nikasema moyoni, imekuja, hii ndiyo. Dakika moja na sekunde arobaini. Jasho likashuka kutoka kwenye kilemba. Nyusi ya kushoto ikateleza polepole, ikafika kwenye shavu, ikakaa pale kama kiwavi anayewaza.

Hakuna aliyecheka. Hata Mama Khampong.

Tulirudia mara kumi na moja. Jumapili mara tisa. Machozi ya Fiat yalikuwa yameisha tangu ya nne. Akawa anakunja kitambaa kama mtu anayekunja kitambaa. Tukajaribu kumshuti kwa nyuma, ukaonekana mgongo. Tukajaribu gizani, likaonekana giza. Jumapili jioni Muk akasema, "Inatosha, mdogo wangu. Kaoge."

"Dada, tuendelee."

"Kaoge."

"Mimi ndo nimeharibu."

"Ulitakiwa ubaki na nyusi umwache bibi yako chini? Kaoge, Fiat. Unanuka gundi."

Jumatatu saa mbili katapila likaja. Dereva alikuwa kijana mstaarabu, akauliza kama kuna kitu tumesahau ndani. Muk akasema hapana. Mimi nilikuwa nimewasha mashine yangu, ndiyo kazi yangu, nikarekodi ukuta wa mbele unavyoanguka, rafu, kioo. Lile duka lilichukua dakika arobaini.

"Ulirekodi?" akaniuliza.

"Ndiyo."

"Futa."

"Dada, itakufaa. Weka skrini nyeusi, weka hii sauti, wale wa Ulaya watazimia."

"Ndiyo maana. Futa. Hiyo ni sauti ya nyumba yoyote."

Nikafuta.

Najua mnachotaka kusema, mnachapa tayari: kompyuta! Tuliipeleka kwa jamaa yetu wa matangazo Bangkok, ile ya dakika moja na sekunde arobaini. Akakaa nayo mwezi. Uso ukilia, nyusi zinachelewa. Zinalia baadaye. Akatuambia ukweli: kuna watu wanaoweza, wako nchi nyingine, na bei yao ni ya filamu zenye majoka. Tarehe ya mwisho ya lile tamasha la jibini, lililokuwa limetuwekea nafasi, ikapita mwezi wa tisa. Muk akaandika barua fupi ya kuomba radhi. Hawakujibu. Naelewa, ungejibu nini?

Saa hizi anafanya kazi kwenye studio ya kuingiza sauti, Bangkok. Zile tamthilia za Kihindi mnazoangalia mchana, mama mkwe mwenye dhahabu puani anayemwekea mkwewe chumvi kwenye mchuzi? Sauti yake ya Kitai ni Muk. Anaingia saa tatu, anatoka saa kumi na mbili, anatukana wakwe wa watu siku nzima. Bosi anamsifu, anasema sura yake inasaidia, ingawa kwenye studio hakuna anayeona sura. Ana mashabiki. Kuna ukurasa mzima wa watu wanaomchukia mtandaoni, laiki elfu arobaini na kitu. Nilimwonyesha nikitegemea atacheka.

"Wengi kuliko saba," akasema, akanirudishia simu.

Filamu iko kwenye kisanduku cheusi chini ya kitanda chake, saa moja na dakika ishirini na nane. Nimemuuliza mara mbili kama ataimalizia kwa njia nyingine yoyote. Mara ya kwanza alisema ataona. Mara ya pili aliniuliza kama nimekula.

Mwezi wa kumi na moja Fiat alikuja Bangkok kwa basi. Alifika mchana wa Jumapili, chumbani kwake Muk, mimi nilikuwepo, tulikuwa tunakula. Alikuwa amebeba begi na amevaa shati jipya. Nyusi zilikuwa zimerudi. Si kurudi tu, zilikuwa zimerudi nene, nyeusi, zimekutana katikati, yaani Baldev mtupu. Alisimama mlangoni bila kuvua viatu.

"Dada, nimeomba ruhusa gereji. Wiki mbili. Niko tayari."

Muk alimwangalia. Alimwangalia muda mrefu, macho yakipita polepole toka paji la uso mpaka kidevuni, na kurudi. Mimi nikakamata kijiko changu, maana nilijua anahesabu: mwanga unatoka wapi, lenzi ipi, umbali gani.

"Mdogo wangu," akasema, "tukashuti wapi?"

Fiat akashusha begi. Sidhani kama alikuwa amelifikiria. Kwenye basi masaa kumi na moja, na hakulifikiria, au alilifikiria akaja hivyo hivyo.

"Pamejengwa?" akauliza.

"Zinaingia gari thelathini na mbili."

Akavua viatu. Akakaa. Muk akamsogezea kikapu cha wali wa kunata, na Fiat akaumega tonge, akalibinyabinya kwenye vidole bila kulichovya popote, mpaka likawa kavu.

Saa tisa Muk akasimama, akachukua mkoba wake. Kulikuwa na vipindi viwili vya ziada vya kurekodi, mama mkwe anafariki wiki ile na walitaka kilio chake kiwe tayari. Akamwambia Fiat alale pale, shuka ziko kabatini, basi la kurudi Nakhon Phanom linaondoka saa mbili asubuhi.